Kijiko Kinaposema kwa Niaba ya Mtungi

Chukua nusu lita ya maziwa kutoka ATM ya maziwa, yaani mashine ya kuuzia maziwa, katika mtaa wa Kawangware jijini Nairobi, na pakiti ya nusu lita kutoka supamaketi ya Westlands, uyaweke yote kwenye friji usiku kucha. Asubuhi, maziwa ya Kawangware mara nyingi yatakuwa na tabaka la malai juu, na chini yake maziwa mepesi zaidi. Ya pakiti yatakuwa vilevile ulivyoyaacha. Tofauti hiyo haikutoka kwa ng'ombe. Katika maziwa ya kawaida mafuta huelea kama vitone vyenye kipenyo cha wastani wa mikroni tatu au nne, na mikroni ni sehemu moja ya elfu ya milimita. Mafuta ni mepesi kuliko maji, kwa hiyo vitone hupanda polepole na kukusanyika juu. Mwaka 1899 Mfaransa Auguste Gaulin alipata hataza ya mashine inayoyasukuma maziwa kwa shinikizo kubwa kupitia upenyo mwembamba mno, hadi vitone vinapasuka na kubaki vidogo kuliko mikroni moja. Vikifikia udogo huo, hupanda taratibu kiasi kwamba maziwa yataharibika kabla malai hayajajitenga.

Maziwa ya pakiti, yaliyopita kwenye mashine ya aina hiyo, basi, ni mfumo sare, yaani unaofanana kote, na yale ya ATM yaliyolala ni mfumo mseto, yaani wenye sehemu zinazotofautiana. Lakini mwanafunzi wa kemia katika kampasi ya Chiromo akiweka tone la maziwa ya pakiti chini ya darubini, ataona vitone vya mafuta vikielea ndani ya maji, mafuta huku na maji kule. Ni mseto tena. Chai ya rangi yenye sukari iliyoyeyuka inastahili jina la sare zaidi, maana humo hakuna darubini ya kawaida itakayokuonyesha sukari imekaa wapi. Je, maziwa ya pakiti ni sare au si sare?

Jibu linategemea unataka kujua nini. Kwa anayepima mafuta, kitu kikubwa ni iwapo kijiko kimoja kinaweza kusema kwa niaba ya mtungi mzima. Kwa maziwa ya pakiti kinaweza, popote utakapochota. Kwa maziwa yaliyolala hakiwezi. Anayechota juu atadhani amepata ng'ombe wa Jersey, na anayechota chini atadhani mwenye maziwa ameshaengua malai. Ndiyo maana mahali panapopokea maziwa ya wakulima, mtungi hukorogwa kwanza, sampuli baadaye. Kwangu mimi hiyo ndiyo maana inayobeba uzito katika kila taaluma inayotumia maneno haya mawili: mfumo ni sare pale ambapo sehemu yake yoyote, kwa swali ulilonalo, inaweza kusimama mahali pa mfumo mzima. Ukibadilisha swali, mfumo uleule unaweza kugeuka mseto.

Panda Waiyaki Way hadi Kabete, kwenye maabara za taifa za utafiti wa kilimo, uone swali hilihili likiulizwa kuhusu udongo. Anayetaka udongo wake upimwe haelekezwi achimbe shimo moja. Hushauriwa achukue kidogo kutoka sehemu nyingi za shamba, achanganye, kisha apeleke sehemu ya mchanganyiko huo. Anakuwa amekoroga shamba, kama yule wa maziwa alivyokoroga mtungi. Ila hapa kuna sharti: sehemu zilizo dhahiri tofauti, mathalani bonde lenye maji na mteremko mkavu, zisichanganywe pamoja. Ukizichanganya utapata namba ya shamba ambalo halipo. Wajenzi wa Nairobi wanalijua hili kwa gharama. Udongo mwekundu wa Kabete na Lavington hushika msingi wa nyumba vizuri, ilhali udongo mweusi wa upande wa Embakasi huvimba mvua ikinyesha na kupasuka jua likiwaka. Wastani wa udongo wa Nairobi hauwezi kumsaidia mjenzi yeyote.

Wastani wa watu nao una hatari hiyohiyo, na hapa nina wasiwasi wa kweli. Sensa ya 2019 ilihesabu watu 4,397,073 katika kaunti ya Nairobi, sawa na watu 6,247 kwa kila kilomita ya mraba. Namba hiyo ni sahihi, na ni vigumu kupata mtaa unaofanana nayo. Kaunti ndogo ya Dagoretti ilikuwa na karibu watu 15,000 kwa kilomita ya mraba, na ile ya Westlands wapatao 3,200. Na hata hiyo ya Westlands imechanganya Kangemi na Loresho, mitaa miwili jirani: mmoja una vyumba vya kupanga vilivyosongamana, mwingine una nyumba moja katikati ya bustani. Anayepanga idadi ya mabomba ya maji, madarasa au magari ya taka kwa kutumia wastani wa Westlands atawanyima watu wa Kangemi, na hatajua amewanyima, kwa sababu hesabu yake itakuwa haina kosa. Wanatakwimu wana dawa ya hili, nayo ni ileile ya mkulima wa Kabete: gawanya kwanza katika matabaka ambayo kila moja kwa ndani linakaribia kuwa sare, kisha chukua sampuli katika kila tabaka. Kazi ngumu ni kujua mipaka ipite wapi, na mipaka ya kiutawala mara nyingi haikuchorwa kwa kazi hiyo.

Wakati nao huwa sare au mseto. Simama kwenye steji ya Kawangware uhesabu abiria wanaofika kila dakika. Saa kumi na mbili asubuhi ni umati, na saa nne ni watu wachache wenye nafasi ya kuchagua kiti. Wanahisabati wana kielelezo cha matukio yanayotokea kwa bahati, kilichopewa jina la Mfaransa Poisson. Kielelezo hicho kikiwa sare, kasi ya matukio ni moja tangu alfajiri hadi usiku, na saa yoyote uliyohesabu inaweza kusema kwa niaba ya siku nzima. Kisipokuwa sare, kasi hubadilika na saa. Mwenye matatu anayehesabu abiria saa nne peke yake na kupanga magari ya siku nzima kwa hesabu hiyo atawaacha watu steji.

Hisabati ina matumizi mengine ya neno hili, na mwanzoni yanaonekana hayahusiani na maziwa wala abiria. Yanahusiana. Kiwanja cha futi 50 kwa 100, kipimo anachokijua kila aliyewahi kutafuta ploti, kina futi za mraba 5,000. Ongeza kila upande mara mbili, kiwe 100 kwa 200, utapata 20,000, yaani mara nne. Ongeza mara tatu, utapata mara tisa. Kanuni haibadiliki iwe umeanza na ploti ndogo au shamba kubwa, kwa hiyo eneo huitwa sare la daraja la pili. Kidogo kinakueleza kikubwa. Nauli ya teksi yenye kiasi cha kuanzia haiko hivyo. Kama unalipa shilingi 100 kabla gari halijaondoka na shilingi 50 kwa kila kilomita, kilomita mbili ni shilingi 200 na kilomita nne ni 300, si 400. Ile 100 ya mwanzo imevunja usare. Milinganyo nayo ni hivyo: 2x + 3y = 0 huitwa sare, kwa kuwa ukipata jibu moja, mathalani x = 3 na y = -2, basi mara mbili ya jibu hilo ni jibu pia, na mara kumi pia. Weka 12 mahali pa sifuri na mlango huo unafungwa. x = 3 na y = 2 ni jibu, lakini x = 6 na y = 4 inakupa 24.

Katika kompyuta usare una faida kubwa na hatari kubwa, na zote mbili zinatoka mahali pamoja. Ofisi yenye kompyuta 200 za aina moja inamhitaji fundi anayeijua aina moja, vipuri vya aina moja, na jaribio moja kabla ya kuweka programu mpya. Kompyuta moja inazisemea zote. Inazisemea pia katika ugonjwa. Tarehe 19 Julai 2024 kampuni ya usalama wa kompyuta ya Marekani, CrowdStrike, ilisambaza sasisho lenye hitilafu, na kwa makadirio ya Microsoft kompyuta milioni 8.5 za Windows ziliathirika duniani, ndege zikakwama na hospitali zikarudi kwenye karatasi. Mashine zilizotumia mifumo mingine hazikuguswa na hitilafu ile.

Kosa la kinyume lipo pia, la kuuchukulia mseto kana kwamba ni sare. Mwaka 2008 Matei Zaharia na wenzake wa Chuo Kikuu cha California, Berkeley, waliichunguza Hadoop, programu inayogawa kazi kubwa kwa kompyuta nyingi. Hadoop ilikuwa imeandikwa kwa dhana kwamba kompyuta zote zina kasi inayolingana, na yoyote iliyobaki nyuma ya wastani ilihesabiwa kuwa na tatizo, kazi yake ikarudiwa kwingine. Kwenye mashine za kukodi zenye kasi tofauti, dhana hiyo ilizalisha marudio yasiyo na faida na kazi ikachelewa. Waliandika utaratibu mpya unaokadiria kila kazi itaisha lini badala ya kuilinganisha na wastani, na katika majaribio ya mashine 200 muda wa kusubiri ulipungua hadi nusu.

Mseto uliofanikiwa kuliko yote niujuao hapa Nairobi ni KIXP, kituo cha kubadilishana mawasiliano ya intaneti. Kabla yake, barua pepe kutoka ofisi ya Westlands kwenda Kenyatta Avenue, kama ofisi hizo zilitumia kampuni mbili tofauti za intaneti, ilirushwa kwa setilaiti hadi ng'ambo, kisha ikarudi. Safari ya kwenda mtaa wa pili ilichukua zaidi ya sekunde moja. Kampuni zilizoungana katika chama chao, TESPOK, zilifungua kituo Novemba 2000. Telkom Kenya, iliyokuwa na ukiritimba wa njia za kimataifa, ililalamika, na mdhibiti wa mawasiliano akakifunga baada ya wiki chache. Kilifunguliwa tena Februari 2002, na muda wa safari ukashuka hadi chini ya sehemu moja ya kumi ya sekunde.

Ndani ya kampuni hizo kila kitu kilikuwa tofauti: mitambo, mafundi, bei, wateja. Hazikulazimishwa kufanana. Kilichofanywa sare ni mahali pa kukutania peke yake, yaani itifaki ambayo kila kampuni huitumia kuwaambia wengine inaweza kufikisha ujumbe kwa anwani zipi. Kampuni inaweza kubadilisha mitambo yake yote usiku mmoja, na majirani zake wasijue, mradi inaendelea kuzungumza itifaki ile. Kwa hiyo fundi anayepima kasi ya laini yake kupitia kituo hicho anapata ukweli wa njia ile aliyoipima. Hawezi kuitolea hukumu kampuni iliyo kwenye tundu la pembeni yake. Akitaka kuijua, itabidi aipime nayo.