Video ya Harusi Isiyofunguka

Kila msimu wa harusi unapopita, na hasa Mfungo Mosi ambapo hakuna mtaa usio na shughuli, hutujia swali moja kwa sura tofauti. Bibi harusi ameletewa video yake katika flashi. Simu ya ndugu yake yaifungua bila taabu. Runinga ya nyumbani yaandika kuwa faili haitambuliki, au yatoa vigelegele bila picha, au picha zapita kimya bila ya sauti. Nyanya yake, ambaye miguu haikumruhusu kupanda ngazi za ukumbi siku ya kupamba, yuko mbele ya kioo cheusi akingoja kumwona mjukuu. Hapo husikika mtu akisema: "Mpelekeeni yule kijana wa saiba, ataibadilisha sasa hivi." Na hapo ndipo tunapoziomba familia zisite kidogo.

Kuibadilisha video ili isomwe na vyombo vingi ni kazi nyepesi, na yaweza kufanywa na binti yeyote wa sekondari aliye na tarakilishi ya kawaida. Lililo zito ni kujua nani ataishika faili hiyo njiani. Video ya kupamba si video ya mkutano wa hadhara. Wanawake waliingia ukumbini, wakavua mabuibui mlangoni, wakacheza, wakaimba, wakanengua, wakijua kwamba hapana jicho la mwanamume asiye maharimu. Wengi wao hawana udugu na wenye harusi. Ni majirani na marafiki waliokuja kuitika mwaliko. Sura zao zimo katika flashi ile, na hawajaulizwa itakwenda wapi.

Tuanze na ugonjwa wenyewe, kwa maana asiyeujua ugonjwa hununua dawa yoyote. Nyanya zetu wengi wa Lamu na Mombasa waliandikiana barua za Kiswahili kwa khati za Kiarabu. Wajukuu wao wakisoma Kiswahili hichohicho huzijua herufi za Kirumi pekee. Barua mbili hizo zikitiwa katika bahasha za aina moja, huwezi kujua kwa nje ipi imeandikwa kwa khati ipi. Faili ya video ni vivyo hivyo. MP4, MOV, AVI, MKV, yale majina tuyaonayo mwishoni mwa jina la faili, ni bahasha. Ndani yake mna picha zilizobanwa kwa kanuni maalumu, na sauti iliyobanwa kwa kanuni yake nyingine. Hizo ndizo khati, na mafundi huziita kodeki.

Kwa hivyo mtu aambiwapo "hii ni MP4, itafunguka popote," hajaambiwa lolote la kutosha. Bahasha ya MP4 yaweza kubeba picha zilizobanwa kwa kanuni ya H.264, iliyoidhinishwa mwaka 2003 na ambayo leo yasomwa na takriban kila simu na runinga iliyo na tundu la flashi. Yaweza pia kubeba H.265, iitwayo HEVC, iliyokuja mwaka 2013. Hii ya pili ina sifa yake: kwa ubora uleule wa picha, faili yaweza kuwa nusu ya ukubwa. Simu za iPhone zilianza kurekodi kwa kanuni hiyo mwaka 2017, na simu nyingi za bei ya juu zina uwezo huo. Lakini runinga nyingi zilizonunuliwa kabla ya hapo hazikufundishwa kuisoma khati hiyo, na hazitajifunza sasa. Ndiyo maana simu mpya yaifungua na runinga ya nyanya yaikataa.

Wako wanaodhani kwamba dawa ni kufuta herufi za mwisho katika jina la faili na kuandika nyingine. Huko ni kubadilisha bahasha kwa kalamu. Barua iliyomo ni ileile, na asiyeisoma jana hataisoma leo.

Ziko hali ambapo bahasha peke yake ndiyo yenye kasoro. Sisi tuliijifunza kazi hii kwa sababu ya darsa zilizorekodiwa kwa kamera ya mkononi ya miaka ya nyuma, zikatoka na mwisho wa MTS. Ndani yake picha zilikuwa tayari za H.264. Faili ya namna hiyo huhamishwa tu kutoka bahasha moja hadi nyingine kwa programu kama FFmpeg, kwa muda mfupi sana, na picha haipotezi hata chembe. Sauti pekee ndiyo hubanwa upya, kwa kuwa kamera hizo hutumia kanuni ambayo baadhi ya simu haziisomi. Huwekwa katika AAC, nayo ndiyo sauti inayokubalika zaidi.

Lakini khati yenyewe ikiwa haisomeki, hapana budi barua inakiliwe upya. Waliosoma vyuoni kwa vitabu vya kunakiliwa kwa mkono watatuelewa upesi. Mnakili huacha nukta moja, anayenakili kwake hulirithi kosa lile na kuongeza lake, na nuskha ya tano ikifika mkononi mwako huna uhakika kama neno ni hili au lile. Video hufanana na hayo: kila inapobanwa upya hupotea kitu, kwanza katika nakshi za hina, kisha katika ushanga wa nguo, mwisho katika nyuso. Video iliyopitia WhatsApp mara tatu imekwisha kunakiliwa mara kadhaa. Basi nakala hufanywa mara moja tu, kutoka katika faili ya asili iliyotoka kwenye kamera, na ile ya asili haifutwi.

Turudi kwa yule kijana wa saiba. Hatumtuhumu. Wengi wao ni vijana waaminifu wanaotafuta riziki yao. Hata hivyo, ili aibadilishe video hana budi kuinakili katika mashine yake, na mashine ile yatumiwa na watu mchana kutwa. Akiisha kazi huifuta, nawe waondoka ukiwa umetulia. Ukweli ni kwamba faili iliyofutwa haitoweki papo hapo. Mara nyingi tarakilishi hufuta njia ya kuifikia tu, na yaliyomo hubaki mpaka yaandikiwe juu yake mambo mengine. Ziko programu za kuyarejesha, na hazihitaji ujuzi mkubwa. Hayo hayo ni kwa flashi na kadi za kamera unazomwazima mtu baada ya kuzifuta.

Njia ya pili, ambayo twaiona yazidi kwa kuwa ni ya bure na haihitaji kutoka nyumbani, ni zile tovuti zinazokubadilishia video. Hapa akina mama wengi hawajui linalotendeka. Video haibadilishwi ndani ya simu yako. Kwa kawaida hupandishwa mtandaoni hadi kwenye tarakilishi za wenye tovuti, mara nyingi katika nchi nyingine, ikabadilishwa huko, kisha ukarejeshewa nakala. Baadhi ya tovuti huahidi kuifuta baada ya saa kadhaa. Huenda wakatimiza, wewe huna namna ya kuhakikisha. Kenya ina Sheria ya Kulinda Data ya mwaka 2019, nayo yampa mtu haki ya kudai taarifa zake zifutwe. Ni sheria njema, na yafaa tuijue. Ila mahakama hairudishi macho yaliyokwisha kuona.

Basi kazi na ifanyiwe nyumbani, na mwanamke wa nyumba hiyo. Programu tuijuayo kwa jina la HandBrake ni ya bure, yafanya kazi katika Windows, Mac na Linux, na haihitaji mtandao ikiisha kusakinishwa. Ukitaka moyo utulie zaidi, zima intaneti kabisa kabla ya kuifungua, itaendelea vilevile. Ichukuliwe katika tovuti yake yenyewe, handbrake.fr, wala si kwa yeyote aliyeiweka mahali pengine. Na hata huko kwenyewe, mwezi wa Mei 2017 wahalifu waliwahi kuingia katika moja ya hifadhi zake wakaweka toleo bovu la Mac kwa siku chache, kwa hivyo programu ya kukinga virusi isizimwe.

Ukiifungua, ipe faili ya asili. Kisha chagua mpangilio ulioandikwa Fast 1080p30. Huo hutoa bahasha ya MP4, picha za H.264 na sauti ya AAC, yaani mambo matatu tunayoyataka kwa pamoja. Ubora hupimwa kwa nambari ambayo kadiri iwavyo ndogo ndivyo picha iwavyo safi na faili iwavyo kubwa. Kati ya 20 na 24 yatosha. Ikiwa video ni ya kamera ya zamani na watu wanapotembea huonekana mistari kama meno ya kitana pembezoni mwao, katika sehemu ya vichujio uwashe kile cha kuondoa mistari. Chagua pa kuihifadhi, anzisha, uende ukapike. Kipakatalishi cha zamani chaweza kuchukua saa nyingi kwa harusi moja, na umeme ukikatika huwa ni kuanza upya, kwa hiyo betri iwe imejaa.

Juu ya ukubwa: kamera inayorekodi megabiti 24 kwa sekunde hutoa karibu gigabaiti 11 kwa saa moja, na ikishushwa hadi megabiti 5 huwa kiasi cha gigabaiti mbili na robo. Hili lina faida nyingine. Flashi nyingi zimepangwa kwa mfumo wa FAT32, ambao haupokei faili moja iliyozidi gigabaiti 4. Wengi hudhani flashi yao imeharibika, kumbe ni hilo tu.

Tahadhari iliyo bora zaidi ni ile itanguliayo. Mnapoafikiana na mpiga picha, na bila shaka atakuwa mwanamke, mwambieni tangu siku hiyo kwamba mwataka MP4 yenye H.264, kwamba mwataka na faili za asili, na kwamba kazi ikiisha hatabaki na nakala. Muulizeni pia ni nani anayemhariria, kwa sababu hapo ndipo penye pengo: mpiga picha ni dada, mhariri ni kakake. Mwenye kurekodi kwa iPhone aweza kuingia katika mipangilio ya kamera, sehemu ya miundo, akachagua ule unaokubaliana na vyombo vingi. Simu itarekodi H.264 tangu mwanzo na hapatakuwa na haja ya haya yote.

Kanda za VHS zilizomo makabatini ni habari nyingine. Hizo zahitaji deki inayofanya kazi na kifaa cha kuiunganisha na tarakilishi, na unyevu wa pwani huziotesha ukungu, kwa hiyo mwenye nazo asikawie. Zile diski za VCD ni rahisi zaidi: ndani ya folda iitwayo MPEGAV mna faili zenye mwisho wa DAT, nazo hufunguka kwa programu ya VLC na kubadilishwa kama tulivyoeleza.

Nakala mpya ikiwa tayari, msiijaribu kwa simu ya bibi harusi, ambayo hufungua kila kitu. Ipelekeni kwenye runinga kongwe kuliko zote katika ukoo. Itazameni mwanzo, katikati na mwisho, msikilize kama midomo yaenda sawa na nyimbo. Ikipita hapo, flashi moja ibaki kwa mama wa bibi harusi, na ile ya asili iwekwe kwenye nyumba nyingine, ndani ya kasha lenye ufunguo.