Ndama wa nyumbu na kalenda ya wafugaji

Anayetaka kumjua msomi aliyebuni kalenda ya wafugaji wa Kimaasai wa Soitsambu, huko Loliondo kaskazini mwa Tanzania, itabidi amwaze tu kichwani. Hakuna jina lake, hakuna kitabu chake, hakuna mwaka wa kuzaliwa. Kazi yake lakini ipo, na kila mwanzo wa mwaka inaokoa ng'ombe wa Loliondo na Ngorongoro.

Kalenda hiyo ya Kimaasai huhesabu miezi kwa mwezi mwandamo. Miandamo 12 haitimizi mwaka wa jua; hupungua kwa siku 11 hivi, na kama ingeachwa bila kurekebishwa, mwezi wa masika ungejikuta kiangazini. Kwa hiyo wazee hutazama pia mvua, majani na nyota. Kundi la nyota la Inkokua, ambalo watu wa pwani huliita Kilimia, lina miezi miwili inayotajwa kwa ajili yake: ule linapozama na ule linapochomoza tena. Huzama jioni upande wa magharibi masika yanapoelekea ukingoni, na huonekana tena alfajiri ya mwezi Juni, kiangazi kikiwa kimeingia.

Alama inayogusa afya ya mifugo, hata hivyo, iko ardhini. Mvua zikishaotesha majani mafupi kwenye nyanda za Ndutu na kusini mwa Serengeti, nyumbu wapatao milioni 1.3 hukusanyika huko, mahali ambapo majivu ya volkano yameacha madini yanayohitajika kwa maziwa na mifupa. Takriban asilimia 80 ya ndama huzaliwa ndani ya wiki mbili au tatu, kwa kawaida Februari. Ndama anatoka akiwa na rangi ya kahawia hafifu, anajikongoja, na baada ya dakika chache anakimbia na mama yake. Nyanda hizo zikiwa katika ubora wake, mfugaji wa Kimaasai huwaondoa ng'ombe wake na kuwapandisha kwenye miinuko na vichaka, kwenye majani duni na kupe wengi waenezao ugonjwa wa ndigana kali.

Anakimbia ugonjwa ambao Wamaasai huuita ingati, kwa jina la nyumbu mwenyewe. Ng'ombe aliyeambukizwa hupandwa na homa kali, tezi zinavimba, makamasi mazito yanaziba pua, na jicho linaingia ukungu mweupe unaoanzia pembeni kuelekea katikati. Akishafikia hapo, karibu kila mara hufa. Binadamu haambukizwi, ila familia inayotegemea maziwa huumia.

Dalili hujitokeza wiki kadhaa, pengine hata miezi, baada ya ng'ombe kukutana na nyumbu. Mara nyingi anayekufa anakufa nyumbu wakiwa wameshaondoka zamani. Kuunganisha kifo cha namna hiyo na uzazi wa mnyama mwingine, bila maabara, ni utafiti wa hali ya juu, na unastahili kuitwa hivyo.

Maabara zilifuata baadaye. Mwaka 1923 Mettam, daktari wa mifugo aliyefanya kazi Afrika Kusini, alionyesha kuwa ugonjwa huu hutoka kwa nyumbu. Mwaka 1960 Walter Plowright na wenzake, waliokuwa Muguga nchini Kenya, walifaulu kuvitenga virusi vyenyewe. Ikabainika kwamba ndama wa nyumbu huvitoa kwa wingi kupitia pua na macho katika miezi mitatu hivi ya mwanzo, huku yeye mwenyewe akiwa mzima. Wafugaji walikuwa wakilaumu kondo la nyuma linaloachwa majanini, na kwa miaka mingi wataalamu waliona hiyo ni imani tu. Mwaka 2015 watafiti walichapisha matokeo ya sampuli 94 za kondo: zaidi ya nusu zilikuwa na vinasaba vya virusi hivyo, ingawa kwa kiasi kidogo. Njia kuu bado ni pua na macho ya ndama, lakini wazee hawakuwa wakibahatisha.

Tatizo lenyewe limekua. Ng'ombe walipochanjwa dhidi ya sotoka, ugonjwa huo ulitoweka pia kwa nyumbu wa Serengeti, nao wakaongezeka kutoka takriban 250,000 mwanzoni mwa miaka ya 1960 hadi milioni 1.3 mwaka 1977. Kadiri nyumbu walivyojaa, ndivyo nyanda zilivyozidi kuwa za hatari kwa ng'ombe.

Kalenda hii humwambia mfugaji lini aondoke, lakini inamtaka awe na pa kwenda. Juni 2022 Serikali iliweka mipaka kuzunguka kilomita za mraba 1,500 kati ya 4,000 za Loliondo, ikieleza kuwa inalinda mapito ya wanyama na vyanzo vya maji. Wafugaji wakapinga, wakisema hayo ni malisho yao. Lolote litakaloamuliwa kuhusu ardhi hiyo, hesabu ya Januari hadi Mei, miezi ya hatari ya ndama wa nyumbu, haiwezi kuachwa nje ya mjadala, kwa sababu ng'ombe asiye na pa kukimbilia atalishwa palipo na ndama wa nyumbu.

Chanjo inatafutwa. Majaribio yaliyofanyika wilayani Simanjiro kwa virusi vilivyodhoofishwa yalipunguza maambukizi kwa takriban nusu. Hata hiyo inapaswa kutolewa kabla nyumbu hawajaanza kuzaa, kwa kuwa kinga huchukua muda kujengeka na haidumu mwaka mzima. Kwa hiyo mtaalamu atakayeipeleka Soitsambu atahitaji kuwauliza wazee mapema jinsi mvua za msimu huo zilivyokuja na nyumbu wamefika wapi.