Anayefunga na anayeachia

Alasiri moja Mji Mkongwe, Unguja, nilichelewa sala ya jamaa nikapata nafasi safu ya mwisho, katikati ya wazee wawili. Wa kuliani kwangu alikuwa amefunga mikono juu ya kitovu, kiganja cha kulia kimekishika kifundo cha mkono wa kushoto. Wa kushotoni aliiachia mikono yake yote miwili, ikaning'inia ubavuni, vidole vikigusa mapaja. Imamu alipotoa salamu wakapeana mikono mbele ya kifua changu, wakatoka wakiulizana bei ya samaki aina ya changu katika soko la Darajani.

Mgeni angedhani mmoja wao hajui kusali. Mzanzibari hana haja ya kuuliza. Anayefunga ni Sunni wa madhehebu ya Shafi, kama walivyo wengi wa mwambao huu. Anayeachia ni Ibadhi. Hata kwenye takbira ya kwanza hainyanyui mikono, wala haitikii "Amin" baada ya Alhamdu. Sayyid Said alipohamishia makao yake Unguja kutoka Oman katika miaka ya 1830, alikuja na madhehebu hayo akatawala watu waliosali vingine. Waliomrithi hawakuwalazimisha wafungue mikono: Sunni walikuwa na kadhi wao, na Ibadhi wao.

Vitabu vya Kishafi vinasema mikono ikae chini ya kifua na juu ya kitovu, ielemee kidogo kushoto, uliko moyo, kama mtu anayelinda kitu kisimponyoke. Wahanafi huishusha chini ya kitovu. Mashia Ithnaasheri huiachia, na sijida zao utazijua kwa kile kipande cha udongo wanachowekea paji la uso.

Wamaliki, ambao ni wengi Sudan na Afrika Magharibi, nao wengi wao huachia. Barazani utasikia kwamba Imamu Malik alipigwa na watawala wa Madina hadi mkono ukateguka, akashindwa kufunga, na wanafunzi wakamwiga. Kupigwa alipigwa kweli, lakini hitimisho hilo mimi silinunui. Baadhi ya wanafunzi wake wamepokea kwamba alichukia kufunga katika sala ya faradhi, na wako Wamaliki wanaoeleza kuwa ni kama mtu anajiegemeza; katika sunna, kisimamo kikirefuka, hakuona ubaya. La ajabu ni kwamba kitabu chake mwenyewe, Muwatta, kina hadithi za kuweka wa kulia juu ya wa kushoto. Na Imamu Shafi, aliyesoma kwake, akafunga.

Siku hizi kuna vijana wanaoipandisha mikono hadi kifuani na kupanua miguu mpaka kidole chao kidogo kikukanyage. Ukiuvuta mguu, wanaufuata. Tuyaache hayo.

Utotoni, katika chuo cha Kurani, maalim wetu hakutusomea khitilafu hizo. Yeye alitushughulisha na migongo. Alitufundisha rukuu kwa kikombe cha bati chenye maji: viganja vimeshika magoti, vidole vimeachana, mgongo umelala sawa na kichwa, kisha kikombe kinawekwa mgongoni. Kikimwagika, unarudia. Maji yaliingia shingoni, wenzako wakacheka, nawe ukicheka unamwaga yaliyobaki. Kwenye sijida alipita na bakora akigonga viwiko vilivyolala chini. "Mbwa huyo! Nyanyua!" Viungo saba viguse ardhi, alisema: paji la uso na pua yake, viganja viwili, magoti mawili, na vidole vya miguu yote miwili. Sasa vidole vya mikono vinabanana na kuelekea kibla. Wavulana waliambiwa watenge viwiko na mbavu, wasichana wajikusanye.

Kwenye tahiyatu kilibaki kidole kimoja tu cha kufanya kazi. Vingine vya mkono wa kulia vinakunjwa, cha shahada kinanyanyuka ukifika "illa Allah", na macho yanakifuata. Kwa miaka nilikiona kama mchezo. Baadaye nikagundua kwamba ndiyo nukta pekee katika sala yangu nzima ambapo fikra hazikuwa zimekwenda sokoni.

Sheria hiyohiyo iliyokazania viwiko inalegea mwili ukishindwa. Asiyeweza kusimama akae, asiyeweza kukaa alale ubavu, asiyeweza kuinama aashirie kwa kichwa, na kichwa kikigoma, kwa kope.

Babu yangu alipopooza upande wa kulia hakufika kwenye kope. Tulimkalisha kitandani akielekea kibla, mto nyuma ya mgongo. Mkono wa kushoto ulinyanyuka peke yake kwa takbira, ukashuka, ukaenda kuuchukua wa kulia pale ulipolala shukani. Ukauvuta taratibu mpaka juu ya kitovu. Wa kulia ulitakiwa kuwa juu, ndivyo alivyotufundisha sisi wajukuu, lakini ukiachwa uliteleza. Basi wa kushoto ukapita juu yake, ukaushika, naye akaanza Alhamdu.